Maswali na majibu: Nilijifungua kwa operesheni, mbona sasa nawekewa mpira wa mkojo kuanzisha uchungu?

SWALI: Daktari habari za kazi. Nina mimba ya pili, wiki ya 41 imetimia na uchungu hakuna hata dalili. Wa kwanza nilifanyiwa operesheni maana alikaa matako. Juzi wamenipima njia wakasema imefunga, niende nilazwe waniwekee ule mpira wa mkojo kwenye mlango wa kizazi. Mdogo wangu alipewa vidonge akajifungua siku hiyohiyo, nilivyouliza kwanini na mimi nisipewe nesi akanijibu "wewe huruhusiwi". Huo mpira unafanya nini hasa? Na ukishindwa je?

JIBU: Nzuri dada yangu. Nesi kasema kweli ila kakuachia njiani, ngoja nimalizie.

Vidonge vya mdogo wako bila shaka ni misoprostoli, wodini tunaita miso. Inalainisha mlango wa kizazi na hapohapo inaamsha kizazi kianze kubana. Kwa mama ambaye kizazi chake hakijawahi kupasuliwa ni dawa nzuri na mi mwenyewe naitumia sana, haitaki friji, bei yake sio ya kutisha. Shida ni kwamba ikishamezwa imeshamezwa, mama akianza kupata uchungu wa kufuatana bila kupumzika hakuna pa kuishika uitoe. Halafu kuna suala la kipimo, dozi ya kuanzisha uchungu ni mikrogramu 25 wakati kidonge kilichozoeleka kina 200, kwahiyo utakuta mtu anakikata vipande vinane kwa wembe, kimoja kinene kingine unga mtupu, bora hata yule anayekiyeyusha kwenye mililita 200 za maji akampimia mama mililita 25. Sasa uchungu wa namna hiyo uje kwenye kizazi chenye kovu. Kovu likiachia, mama na mtoto wote wako hatarini, tena ni suala la dakika. Ndo maana Shirika la Afya Duniani linasema aliyewahi kujifungua kwa operesheni asianzishiwe uchungu kwa miso.

Mpira wenyewe unakuja na faida moja ambayo kwako ni kubwa: unatolewa. Nchani una puto dogo linalojazwa maji, likitokea lolote wanayafyonza kwa bomba la sindano, wanauvuta, basi, hakuna dawa iliyobaki mwilini.

Na usiogope kwamba ni "wa mkojo". Ni katheta ya Foley, imepewa jina la Frederic Foley, daktari wa Marekani wa magonjwa ya njia ya mkojo, wa miaka ya 1930 huko. Kuuleta kwenye uzazi sio kubahatisha kwa watu wasio na vifaa, madaktari Embrey na Mollison wa Uingereza waliandika kuhusu matumizi haya tangu 1967. Upo mwingine uliotengenezwa maalum wenye maputo mawili, kila moja linajazwa mpaka mililita 80, bei yake ni juu sana na matokeo hayapishani kiasi cha kukufanya uutafute.

Itakavyokuwa: utalala kama unapimwa njia, wataingiza spekulamu (kile kifaa cha kupanua uke), watasafisha kwa dawa, mpira utasukumwa taratibu mpaka ncha ipite mlango wa ndani na kukaa juu yake, nje ya chupa ya mtoto. Hapo ndo puto linajazwa maji safi ya dripu, wengine wanaishia mililita 30, mi napendelea 60 maana linafungua zaidi. Kisha unavutwa nyuma kidogo puto likalie mlango, mkia unabandikwa pajani kwa plasta. Ule mgandamizo unatanua mlango, na pia unaufanya mwili wako wenyewe utoe kemikali za kulainisha, zilezile ambazo dawa inaziiga. Wakati wa kujaza utasikia maumivu kama ya hedhi na matone ya damu sio ajabu. Baada ya hapo unatembea, unakula, unakojoa kama kawaida (njia ya mkojo haijaguswa kabisa).

Unakaa nao saa 12, sehemu nyingine mpaka 24. Mara nyingi mlango ukifika sentimita 3 au 4 puto linapita lenyewe, unaweza hata kulikuta chooni, usishtuke, mwite nesi. Lakini kudondoka mpira sio kwamba unazaa sasa hivi, hapa ndo ndugu wengi wanapoanza kulalamika "mpira umetoka mbona mtoto haji". Mpira umefungua mlango tu, uchungu wenyewe mara nyingi unaletwa na hatua inayofuata, kupasua chupa na dripu ya oksitosini (dawa ya kuleta uchungu), ambayo kwako inaenda polepole na mtoto anasikilizwa muda wote.

Kwa hiyo ni njia ya taratibu na sikufichi. Uholanzi walilinganisha mpira na jeli ya dawa ya kulainisha mlango kwa wanawake zaidi ya 800, majibu yakatoka 2011, waliopata operesheni walikaribiana pande zote, ila wa mpira walichukua muda mrefu zaidi. India nako 2017, kwa wajawazito wenye presha, waliojifungua kwa njia ya kawaida ndani ya saa 24 walikuwa 57 kati ya 100 kwa miso na 47 kwa mpira. Kwa hiyo mdogo wako hakupendelewa, kwa mtu kama yeye miso inashinda. Wewe una kovu, ndo hesabu inapobadilika.

Inabadilika ila haifutiki. Mwongozo wa Uingereza unasema mwenye kovu moja, uchungu ukija wenyewe, kizazi kinaachia kwa kama mama mmoja kati ya 200, na ukianzishwa hatari inapanda mara mbili hadi tatu. Mpira unakuweka pazuri kuliko vidonge, lakini lazima uwe hospitali yenye chumba cha upasuaji kinachofanya kazi usiku huo na damu ipo. Kama hapo ulipo hakuna hivyo, omba rufaa kabla hawajaweka chochote.

Ukishindwa, yani saa zimekwisha na mlango haujasogea, wanaweza kurudia, au mnakubaliana operesheni. Na una haki ya kuchagua operesheni tangu mwanzo, usione aibu kuuliza.

Ukiwa na mpira ita mtu haraka ukiona damu nyingi, chupa imepasuka, homa, mtoto kapunguza kucheza, au kovu linauma mfululizo hata uchungu ukiwa umeachia.

Mwisho, nenda na kadi ya ultrasound na karatasi uliyopewa uliporuhusiwa kutoka hospitali baada ya ile operesheni. Kondo likiwa limekaa chini karibu na mlango, mpira hauwekwi. Na waangalie kizazi kilikatwaje. Kovu la kwenye ngozi halisemi kitu, unaweza kuwa na mshono wa bikini kwa nje na ndani kizazi kilikatwa wima, na wakikuta imeandikwa wima hapo hakuna mpira wala dripu, ni kupanga operesheni tu.