Kwa aliyeuliza: majibu ya mzee yameandikwa "ekinosaiti 2+", chembe za damu zenye miiba. Maana yake nini?

Mleta uzi, nimesoma swali lako na michango yote iliyofuata. Umesema mzee wako, mtu wa miaka sabini na kitu, alitolewa damu Pangani, sampuli ikasafirishwa hadi Tanga mjini, na majibu ya picha kamili ya damu yakarudi yakiwa na mstari mmoja chini kabisa: "ekinosaiti 2+". Aliyeyapokea akakwambia tu kwamba chembe za mzee zina miiba, basi. Humu ndani mmoja akasema ni kansa ya damu, mwingine akasema ni sikoseli iliyochelewa kujitokeza, wa tatu akakushauri mlonge na rozela za kusafisha damu chafu. Mimi ni mtu wa maabara hapa Tanga, upande wa damu, na kuinamia hadubini ndiyo riziki yangu. Nitajibu kwa kirefu, kwa sababu neno hilo linatisha watu bure, halafu lina pacha wake ambaye si wa kuchezea, na wagosi humu mmeshawachanganya wote wawili.

Tuanze na umbo. Chembe nyekundu nzima ni duara bapa lililobonyea katikati, upana wake mikroni 7 hadi 8 (mikroni ni sehemu ya elfu ya milimita). Kwenye slaidi iliyopakwa rangi utaona ukingo umekolea na katikati pana weupe. Ekinosaiti ni chembe hiyohiyo ikiwa imeota vimwiba vifupi, kama 10 hadi 30, vinavyolingana urefu na kupishana kwa nafasi sawa kuzunguka ukingo wote. Shika kizibo cha soda ukigeuze, ukingo wake ndio huo. Weupe wa katikati mara nyingi unabaki. Pacha wake ni akanthosaiti. Huyu ana miiba michache, mirefu kwa mifupi, minene kwa myembamba, imekaa shaghalabaghala, mingine ncha zake zimevimba, na weupe wa katikati umepotea kwa kuwa chembe imejikusanya. Majina yote mawili yametoka kwa Wagiriki, moja kwa kalunguyeye na jingine kwa mwiba, kwa hiyo jina lenyewe halikusaidii kitu. Wakongwe wa maabara utawasikia wakisema "bar seli" wakimaanisha ekinosaiti, na "spa seli" wakimaanisha akanthosaiti. Ndiyo maana daktari akikwambia "zina miiba" na kuishia hapo, hajakwambia lolote la kukusaidia. Muulize miiba ipi.

Jambo jingine ambalo wagonjwa wengi hawalijui: mashine ya kuhesabu damu tuliyonayo kwenye maabara zetu nyingi haioni miiba. Inapima wingi wa chembe, ukubwa wake na hemoglobini, basi. Mstari ule wa "ekinosaiti 2+" umeandikwa na binadamu aliyepaka tone la damu kwenye kioo, akalikausha, akalipaka rangi, akatazama kwa jicho lake. Hizo 2+ ni kadirio lake la wingi, wala si kipimo cha ukali wa ugonjwa. Kwa hiyo kabla ya kuuliza mzee ana nini, uliza lile tone lilipitia wapi.

Hapa ndipo penye uzito wa jibu langu, kwa sababu damu ya mzee ilitoka Pangani. Chembe nyekundu haina kiini, inaishi kwa kuchoma sukari iliyomo ndani ya damu ile ile, na kwa nishati hiyo ndiyo inashikilia umbo lake. Ukiitoa mwilini na kuiweka kwenye chupa, inaendelea kula. Saa zikipita sukari inapungua, nishati inashuka, ngozi ya chembe inaanza kujikunja na vimwiba vinatoka. Zile chupa za kizibo cha zambarau zina dawa ya kuzuia damu isigande, inaitwa EDTA, na kiasi chake kimepimwa kwa damu inayofika kwenye mstari. Ukiweka damu robo chupa, kama inavyotokea kwa watoto au kwa wazee wenye mishipa inayokimbia sindano, dawa inakuwa nyingi kuliko damu, inavuta maji kutoka kwenye chembe, nazo zinasinyaa na kuota miiba. Zile chembe zilizosinyaa kwenye maji ya chumvi mlizochora shuleni kwenye somo la baiolojia ni jamaa wa karibu wa hizi.

Halafu kuna hewa yetu. Mkazi wa Tanga haelezwi unyevu ni nini. Masika ikishika, kuanzia Machi hadi Mei, slaidi iliyopakwa asubuhi inachukua muda wake kukauka kama nguo uani. Damu ikikauka polepole, chumvi inazidi kukolea katika maji yanayobaki, na chembe zinaota miiba palepale juu ya kioo, wakati mwilini mwa mtu zilikuwa laini kabisa. Kioo chenyewe nacho kinaweza kuziotesha, kwa kuwa kinapandisha ualkali pale chembe zinapogusana nacho. Hata methanoli tunayotumia kuigandisha damu kwenye slaidi, ukiacha chupa wazi inafyonza unyevu wa hewani, na chembe zinatokea na vitobo vinavyong'aa, kana kwamba zimeliwa na wadudu. Sisi tunakausha slaidi mbele ya feni, na methanoli tunaibadilisha mara kwa mara. Si kila mahali wanafanya hivyo.

Tulishaletewa sampuli kutoka kituo kimoja cha nje ya mji, ya mama aliyelazwa kwa uchovu tu, na fomu ilikuwa imeshaandikwa kwa kalamu nyekundu kwamba chembe zina miiba na apewe rufaa ya haraka. Ukiiangalia chupa, damu imefika chini ya nusu, na saa ya kutolewa haikuandikwa. Tukamwita yule mama, tukamtoa damu upya, tukaijaza chupa hadi mstarini, tukapaka slaidi muda huohuo. Chembe zake zilikuwa safi. Alikuwa na upungufu wa madini ya chuma, jambo ambalo hesabu za mashine zilikuwa zimeshalionyesha na hakuna aliyelitazama kwa sababu miiba iliwashughulisha wote.

Utajuaje kama ni ya kwenye kioo au ni ya mwilini? Mtu mzoefu haangalii sehemu moja ya slaidi. Miiba ya kioo hushika karibu kila chembe kwenye eneo fulani, na ukisogea kidogo unakuta eneo jingine halina hata moja. Miiba ya mwilini inatapakaa: chembe hii inayo, jirani yake hana, na hivyo hivyo kila unakokwenda. Lakini njia iliyo rahisi kuliko zote ni kurudia. Damu mbichi, chupa imejaa hadi mstarini, slaidi ipakwe ndani ya saa mbili au tatu, na ikiwezekana tone jingine lipakwe moja kwa moja kutoka kidoleni bila kupita kwenye chupa. Ekinosaiti za chupa zikitoweka, mambo yameisha.

Zikibaki, sasa tunauliza figo. Sababu ya mwilini ninayokutana nayo zaidi kwa wazee ni figo zilizochoka, taka zinapolundikana kwenye damu na yurea kupanda. Kwa hiyo kama mzee ana presha au sukari ya siku nyingi, miguu inavimba, au mkojo umepungua, apimwe kreatinini na yurea, taka ambazo figo hutakiwa kuzitoa, hata kama slaidi ya pili itakuwa safi. Angepaswa kupimwa hivyo hata bila miiba. Pia umeandika kwamba mwezi uliopita aliongezewa damu. Hilo nalo ulipaswa kumwambia daktari, kwa sababu damu ya benki hukaa kwenye jokofu, nyuzi 2 hadi 6, na kwa dawa ya kuhifadhia iliyozoeleka inaweza kukaa hadi siku 35. Humo ndani chembe huota miiba kidogo kidogo kadiri siku zinavyokwenda, na nyingi hujirudi zikishaingia kwa mtu, zikipata sukari na damu mpya. Lakini mwezi ni mrefu kwa hilo, sidhani kama ndiko ilikotoka. Kuna pia upungufu wa kimeng'enya cha kurithi kiitwacho pairuveti kinasi, ila huo kwa kawaida huonekana tangu utotoni, hauanzi mtu akiwa na wajukuu.

Sasa yule pacha. Akanthosaiti hazitengenezwi na chupa kirahisi hivyo, na zikiwa nyingi zinataka maelezo. Ngozi ya chembe ina matabaka mawili ya mafuta yaliyolaliana. Mwaka 1974 watafiti Sheetz na Singer walieleza kwamba tabaka la nje likipanuka kuliko la ndani, ngozi hujikunja kuelekea nje, na miiba ndiyo hiyo. Ini likiharibika sana, lehemu (kolesteroli) nyingi hujipenyeza kwenye tabaka la nje. Kisha chembe inapita kwenye bandama, bandama inaimenya ngozi yake, inabaki ngumu na yenye miiba ya ovyo, na mwishowe bandama hiyohiyo inaivunja. Mtu anapungukiwa damu ilhali anakula vizuri. Kwa mtu aliyekunywa gongo miaka mingi, macho ya manjano na tumbo limejaa maji, ripoti ya akanthosaiti nyingi ni habari nzito, na daktari wake atazungumza na familia kwa uzito huohuo.

Zipo pia sababu za kurithi, chache sana. Mwaka 1950 madaktari Bassen na Kornzweig, kule New York, walimweleza msichana wa miaka 18 ambaye macho yake yalikuwa yakififia, mwendo wake unayumba, na chembe zake za damu zina miiba. Baadaye ikajulikana kwamba mwili wa watu wa aina yake haubebi mafuta kutoka utumboni, hivyo vitamini E haiwafikii, na ugonjwa ukaitwa abetalipoproteinemia. Mtoto akigundulika mapema, dozi kubwa za vitamini hiyo zinaokoa mishipa yake ya fahamu. Kuna na hali ya McLeod, iliyopewa jina la mwanafunzi wa Harvard aliyegundulika nayo mwaka 1961. Huko inabidi watu wa benki ya damu wawe waangalifu sana wakitaka kumwongezea mtu damu. Kuna aina nyingine inayoambatana na mikono na uso kucheza bila kutaka, na hiyo huanza ukubwani. Tezi ya shingo ikizembea nayo inaweza kuleta chache. Hizi nazitaja ili muone kwamba neno lina familia kubwa, si kwa ajili ya mzee wako. Yeye ameandikiwa ekinosaiti.

Kwa ndugu aliyesema sikoseli: chembe ya selimundu imejipinda, ina ncha mbili, moja kila upande. Haina miiba kuzunguka. Ulichosema kina kijichembe cha ukweli kwa njia usiyoitarajia, maana mgonjwa wa selimundu bandama yake hufa mapema, na mtu asiye na bandama, iwe imekufa au imekatwa, anaweza kuonyesha akanthosaiti kadhaa pamoja na vibaki vya kiini ndani ya chembe. Lakini hapo selimundu zenyewe utaziona kwenye slaidi hiyohiyo. Kwa aliyesema kansa ya damu: hiyo tunaitafuta kwenye chembe nyeupe, changa zikiwa zimejaa mahali zisipostahili, na majibu uliyoweka picha yanaonyesha chembe nyeupe ziko kwenye kiwango. Miiba peke yake haitoshi kumpa mtu jina hilo, na kumwambia mtoto wa mgonjwa hivyo usiku wa manane jukwaani si uungwana.

Mlonge na rozela mpikieni mzee kama anapenda. Havigusi miiba. Na kama figo zake kweli zina shida, msimjaze maji ya majani yoyote kabla daktari hajaona kreatinini, kwa sababu mboga nyingi za majani zina potasiamu, na figo iliyochoka haiwezi kuitoa.

Umeuliza mwisho kama umpandishe basi kesho aende Muhimbili. Kwa majibu haya peke yake, mimi nisingempandisha. Mlete Tanga mjini asubuhi, atolewe damu papo hapo maabara, mwambie mtaalamu kwamba slaidi ya kwanza ilitokana na sampuli iliyosafiri, na uombe waandike saa ya kutoa na saa ya kupaka. Yurea, kreatinini na vipimo vya ini vitoke kwenye tundu hilohilo la sindano, mzee asichomwe mara mbili. Akiwa anahema kwa shida, amevimba, amechanganyikiwa au macho yamekuwa ya manjano, hapo usisubiri uzi wowote, mpeleke hospitali leo. Majibu mapya yakitoka yalete hapa, ila ufiche jina lake na namba ya faili. Ile picha ya kwanza uliyoweka inaonyesha vyote viwili, mwombe msimamizi aiondoe.