Filamu ya ukoo: nani alisema, na alijuaje?

Nimetayarisha filamu fupi kadhaa za matangazo. Sasa nataka kutengeneza ya dakika 40 kuhusu ukoo wetu na mji tulikotokea. Nina orodha ya majina kama 60. Nianze na wazee au na nyaraka?

Anza na mzee kuliko wote, wiki hii hii, tena kwa kinasa sauti tu. Kamera iache nyumbani. Nyaraka zinaweza kukungoja mwaka mzima. Mtu wa miaka 88 hawezi. Mazungumzo hayo ya kwanza ni ya utafiti, si ya filamu, na yatakuonyesha uende kutafuta nini kwenye rejista za vizazi, vitabu vya ndoa, hati za ardhi na magazeti ya zamani. Kamera itakuja mara ya pili, ukiwa na karatasi mkononi za kumwonyesha.

Ukirudi, fungua jedwali lenye safu tano: mtu, tukio, tarehe, chanzo, na chanzo kilijuaje. Safu ya tano ndiyo inayosahaulika, na ndiyo itakayookoa filamu yako. “Shangazi kasema babu alikufa 1947” haitoshi. Alikuwepo mazishini, alisimuliwa na mama yake, au alisoma kwenye jiwe la kaburi? Hata cheti cha kifo huwa kimebeba habari za uzito tofauti: tarehe ya kufa iliandikwa siku zile zile, lakini tarehe ya kuzaliwa ilitajwa na jamaa ambaye pengine hakuwa amezaliwa wakati huo. Vyanzo vitatu vikikupa miaka mitatu, andika mistari mitatu. Usifute, wala usitafute wastani.

Kila mtu mpe namba kabla ya kuandika jina la faili lolote. Kwa kupanda kwenda kwa mababu, tumia utaratibu ambao Michaël Eytzinger aliuchapisha mwaka 1590: wewe ni 1, baba 2, mama 3, baba wa mtu yeyote ni namba yake mara mbili, na mama ni mara mbili ukiongeza moja. Hivyo 13 ni mama wa 6, na 6 ni baba wa mama yako. Utaratibu huu hauna nafasi ya ndugu. Kama filamu inashuka kutoka kwa mzee mmoja hadi kwa vilembwe, mpe mzee 1, watoto wake 1.1, 1.2, wajukuu 1.2.1, na kuendelea. Chagua mmoja, kisha faili la picha liitwe namba, mwaka na mwenye picha. Ukoo wenye kina Yusufu wanne utakutesa sana mezani kwa mhariri kama faili zote zinaitwa “Yusufu”.

Bibi akiwa jikoni anasimulia vizuri ajabu. Kamera ikiwashwa anaanza kuhutubia, na miaka anayotaja haiafikiani na ya mdogo wake. Nifanyeje?

Anahutubia kwa sababu umempa swali la hotuba. “Tuelezee historia ya ukoo” humfanya mtu ajipange kama yuko jukwaani. Mpe picha badala ya swali. Weka picha moja mezani, kamera moja imtazame usoni na ya pili, hata ya simu, itazame mkono wake kutoka begani. Kidole kitaanza kutembea juu ya picha na sauti itarudi kuwa ile ya jikoni. Hapo kuna mtego mmoja: atasema “huyu hapa”, na miezi mitatu baadaye hakuna atakayejua ni yupi. Kila kidole kinapotua, sema kwa sauti ya chini: “Wa pili kutoka kushoto, aliyeketi, mwenye kitambaa cheupe?” Naye ajibu kwa jina. Sauti yako itakatwa kwenye filamu, lakini jina limebaki kwenye kumbukumbu.

Usipokuwa na picha, mwombe akuchoree nyumba aliyozaliwa: mlango, kisima, chumba cha nani kiko wapi. Majirani wote watatokea.

Kuhusu sauti, maikrofoni ya kubana nguoni ikae shubiri moja chini ya kidevu, mbali na mkufu na kitambaa kinachosugua. Rekodi kwa kilohezi 48 na biti 24, na sauti ya juu kabisa ifike kama desibeli 12 chini ya kikomo. Akicheka ghafla isipasuke. Zima jokofu na feni, na weka ufunguo wa gari juu ya jokofu ili usiondoke bila kuliwasha tena. Kabla ya kufunga vifaa, rekodi dakika nzima ya ukimya wa chumba hicho, kwani bila hiyo kila mkato utasikika. Usiitikie “ehee” juu ya maneno yake, tikisa kichwa. Akinyamaza, hesabu moyoni hadi tano kabla ya kuuliza tena. Jambo zito mara nyingi huja kwenye nne. Dakika 60 hadi 90 zinatosha kwa siku.

Sasa miaka. Watu wengi hukumbuka mpangilio vizuri kuliko tarehe. Acha kuuliza “mwaka gani”, uliza “kabla au baada”: kabla ya mdogo wako kuzaliwa? Ulikuwa umeshaanza shule? Kisha funga mpangilio huo kwenye tukio lenye tarehe isiyobishaniwa. Homa kuu ya 1918 ni moja. Nyota yenye mkia ya Halley ilionekana 1910 na 1986. Kupatwa kwa jua ndiko kuzuri kuliko yote, maana wanaastronomia huweza kukokotoa siku na mahali lilipopatwa kabisa, kwa karne nyingi nyuma.

Chunguza pia kalenda. Mwaka wa Hijria una siku 354 au 355, hivyo miaka 33 ya Hijria ni kama 32 ya Miladia. Mtu aliyehesabiwa miaka 66 kwa Hijria ana takriban 64 kwa Miladia. Nyaraka za Urusi za kabla ya Februari 1918 ziko siku kadhaa nyuma ya kalenda ya leo, na Uingereza ilipohamia kalenda hiyo iliruka siku 11 mwezi Septemba 1752. Bibi na mdogo wake huenda wako sahihi wote wawili.

Mwisho, pima urefu wa orodha yenyewe. Kizazi kimoja huwa kati ya miaka 25 na 35. Ukiambiwa kuna majina manne tu katika miaka 200, ama kuna waliorukwa, ama mlolongo unapita kwa vitinda mimba tupu. Wanaorukwa huwa ni wa katikati, wasioacha ugomvi wala ardhi. Usiwabunie majina. Kwenye mchoro wa filamu acha nafasi tupu, ionekane.

Nimepata mikanda ya filamu ya familia ndani ya sanduku. Inanuka siki. Naweza kuiweka kwenye projekta nione kilichomo?

Hapana. Harufu hiyo ni ya ukanda wa asetati, aina ya plastiki, unaooza. Umesinyaa, matundu hayalingani tena na meno ya mashine, na utachanika. Itenge na mikanda mizima, kwa sababu mvuke wake huharakisha uozo, iweke pakavu penye ubaridi, na kopo liachwe na upenyo wa hewa. Piga picha maandishi yote ya boksi kabla ya kutenganisha boksi na ukanda.

Ukiona ukanda wa milimita 35 wa kabla ya miaka ya 1950 usiugeuzegeuze: unaweza kuwa wa naitreti, unaowaka hata chini ya maji. Ita hifadhi ya filamu.

Mikanda mingine peleka ikaskaniwe fremu kwa fremu, na uombe faili lisilobadilishwa kasi. Milimita 8 za kale kwa kawaida zilipigwa kwa fremu 16 kwa sekunde, Super 8 (iliyotoka 1965) kwa 18. Ukizicheza kwa 25, babu yako atatembea kama anafukuzwa. Ukanda wa Super 8 wa mita 15 kwa kasi yake halisi ni dakika 3 na sekunde 20; tumia urefu huo kukagua kazi ya fundi.

Binamu yangu anataka sehemu inayofichua baba yake halisi iondolewe. Nina ushahidi wa maandishi. Nina haki ya kuibakiza?

Iondoe. Ushahidi unathibitisha kuwa ni kweli, haukupi ruhusa ya mtu aliye hai. Mstari ubaki kwenye jedwali, na alama kwamba hauonyeshwi. Safari nyingine pata ridhaa ya maandishi mara mbili: siku ya kurekodi, na baada ya mhusika kutazama sehemu yake ikiwa imehaririwa. Na kumbuka kuwa na picha mkononi si kumiliki hakimiliki yake; hiyo kwa kawaida huanza kwa mpiga picha.

Nihifadhi vipi?

Nakala tatu, aina mbili za vifaa, moja nje ya nyumba. Saa moja ya video ya megabiti 100 kwa sekunde ni gigabaiti 45, hivyo saa 20 ni 900. Nakala tatu ni terabaiti 2.7. Nunua diski kabla ya kurekodi. Picha ziskani kwa nukta 600 kwa inchi katika TIFF (aina ya faili la picha), pande zote mbili, maana majina huwa nyuma.