Ukungu wa kanda au ukungu wa Nagano?

SWALI: Assalamu alaykum, fundi. Marehemu baba alirekodi Olimpiki ya Nagano ya 1998 kwa dishi la hoteli aliyofanyia kazi huko Malindi. Kanda tunayo hapa Langoni, Lamu. Philip Boit wetu, Mkenya wa mbio za ski, anaonekana vizuri akimaliza mbio zake, lakini akija yule Mnorwe wa biathloni (mbio za ski pamoja na kulenga shabaha kwa bunduki), Ole Einar Bjørndalen, picha inakuwa nyeupe, mtu haonekani sawasawa, halafu inakatika. Kanda imeshika ukungu? Na je, hizo ndizo mbio alizopata dhahabu?

JIBU: Waalaykumu ssalamu, binti yangu. Mungu amrehemu mzee.

Kwanza itoe kwenye deki. Bonyeza kile kitufe kidogo cha ubavuni, inua kifuniko cha mbele, uutazame utepe juani. Ukiona unga mweupe kwenye utepe au kando ya roli, usiicheze tena: ule unga huganda kwenye hedi na kuhamia kanda nyingine. Kwa unyevu wa Lamu, nimeletewa nyingi za hivyo.

Lakini kwa ulivyoeleza, nadhani kanda yako ni nzima. Tazama maandishi. Utepe ukioza hauchagui. Michirizi hukata sura ya mchezaji na hukata pia saa iliyo pembeni mwa skrini. Saa na majina hayatoki kwenye kamera, hupachikwa na mitambo ya televisheni juu ya picha. Basi yakisomeka vizuri ilhali mtu amefifia, weupe huo ulikuwa huko huko Japani.

Na ulikuwapo kweli. Mbio za wanaume za kilomita 10 zilianza tarehe 17 Februari, Nozawa Onsen, theluji na ukungu vikazidi hadi zikasimamishwa katikati. Zilirudiwa tarehe 18, na hapo ndipo Bjørndalen alipopata dhahabu, akimwacha wa pili kwa zaidi ya dakika nzima. Kwa hiyo ulicho nacho, kwa kila dalili, ni zile mbio zilizofutwa.

Usisikitike. Ule ushindi umeonyeshwa mara nyingi. Mbio zisizo na matokeo nani huzionyesha tena? Wakati wa kuihamishia kompyuta, msikate hata sekunde ya ukungu ule. Mwambie fundi ahifadhi picha 50 kwa sekunde, asizipunguze kuwa 25. Shabaha ya biathloni hugeuka kutoka nyeusi kuwa nyeupe kufumba na kufumbua, na ukitupa nusu ya picha mwendo huo unakwaruza. Itazameni nyumbani tu, msiiweke mtandaoni bila idhini, kwani picha za Olimpiki ni mali ya Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki.

Kabla ya yote, vunja kile kijipande cha plastiki mgongoni mwa kaseti, asije mtoto akarekodi juu yake. Ukiamua kuniletea Malindi, ifunge kwenye mfuko kabla ya kupanda mashua ya Mokowe, na ndani ya basi ipakate, usiiache dirishani juani.