Jibu: Kuhamisha michezo kutoka Steam kwenda Epic Games Store

Ndugu, nimekuelewa: unataka michezo ya kompyuta uliyoinunua kwenye duka la mtandaoni la Steam ihamie duka jingine, Epic Games Store, bila kulipa tena, na usipoteze hatua ulizokwisha kufikia. Ununuzi wenyewe hauhamishiki, kwani ulichopewa ni leseni iliyofungwa kwenye akaunti yako. Ikiwa umenunua ndani ya siku 14 na hujacheza zaidi ya saa 2, omba Steam ikurudishie fedha, kisha ununue upya unakotaka.

Hatua za mchezo ni jambo jingine. Mara nyingi faili zake hukaa kwenye folda ya Documents au AppData, na zikinakiliwa kwenye folda ya toleo jipya, michezo mingi huzipokea, ingawa si yote. Hapa uwe mwangalifu sana: mimi niliwahi kunakili faili bila kuzima uhifadhi wa wingu (yaani nakala ya faili ambayo duka huiweka mtandaoni), nikafungua mchezo, na faili tupu kutoka mtandaoni ikafuta kazi yangu ya wiki 3. Zima wingu kwanza, na uweke nakala ya akiba kwenye diski nyingine.

Ikiwa shida yako ni kuwa na michezo iliyotawanyika tu, programu ya GOG Galaxy huionyesha yote mahali pamoja, na leseni hubaki zilipo. Anayeahidi kukuhamishia akaunti kwa malipo mwepuke, maana Steam hairuhusu akaunti kuuzwa. Ukikwama, waandikie huduma kwa wateja wa duka husika.