Maswali ya Wasomaji: Nyumba ya Milioni 125 Itatugharimu Kiasi Gani?

SWALI: Ndugu mshauri, mimi ni mwajiriwa na ninaishi Kinyerezi, Dar es Salaam, katika nyumba ya kupanga ambayo tunailipia shilingi 600,000 kwa mwezi. Tumepata nyumba inayouzwa shilingi milioni 125. Tuna akiba ya milioni 25, na benki imekubali kunikopesha milioni 100 kwa riba ya asilimia 15 kwa mwaka, muda wa miaka 20, rejesho likiwa shilingi 1,316,790 kwa mwezi. Ofisa mikopo ameniambia kwamba nikitaka nafuu ninaweza kuchukua miaka 25. Mume wangu anasema kodi ya pango ni fedha ya kutupa, kwa hiyo tusichelewe. Je, hadi tumalize deni nyumba hii itakuwa imetugharimu kiasi gani hasa?
Mama Wawili, Dar es Salaam

JIBU: Dada yangu, hesabu ya kwanza unaweza kuifanya kwa simu yako sasa hivi. Zidisha 1,316,790 kwa miezi 240 na utapata shilingi 316,029,600. Katika fedha hizo, milioni 100 ni mkopo wenyewe na milioni 216 ni riba. Ukijumlisha milioni 25 mtakazotoa mfukoni, nyumba ya milioni 125 inakuwa imewagharimu milioni 341 kabla ya ada, bima na matengenezo.

Watu wengi huishia hapo, wakashtuka, kisha wakasaini. Jambo linalostahili kutazamwa kwa makini zaidi ni namna kila rejesho linavyogawanywa. Benki hukokotoa riba ya mwezi kwenye salio la deni. Mwezi wa kwanza salio ni milioni 100 kamili, na riba yake ni shilingi 1,250,000, kwa hiyo katika rejesho lako zinabaki shilingi 66,790 tu za kupunguza deni. Mwisho wa mwaka wa kwanza mtakuwa mmelipa zaidi ya milioni 15.8, ilhali deni limeshuka kwa takriban shilingi 859,000. Baada ya miaka 10 mtakuwa mmelipa milioni 158, na salio bado litakuwa milioni 81.6. Deni litafika nusu baada ya miaka 15 na miezi 8 hivi, na sehemu kubwa ya mkopo mtailipa katika miaka ya mwisho.

Hakuna ulaghai katika mpangilio huo, kwani ndivyo hesabu ya salio linalopungua inavyokwenda mahali popote. Hata hivyo, una maana kubwa kwa familia ambayo huenda isikae katika nyumba hiyo kwa miaka yote 20. Mmoja wenu akihamishwa kikazi, kama watumishi wengi walivyohamia Dodoma tangu mwaka 2016, nanyi mkaamua kuuza nyumba mwaka wa kumi, milioni 81.6 za kwanza katika bei mtakayopata ni za benki.

Kuhusu ile nafuu ya miaka 25, rejesho litashuka hadi shilingi 1,280,831, yaani mtapunguziwa shilingi 35,959 kwa mwezi, na kwa ajili ya nafuu hiyo mtalipa jumla ya milioni 384, ambayo ni milioni 68 zaidi. Sioni sababu ya kuikubali. Upande wa pili, mkopo huohuo kwa miaka 10 una rejesho la shilingi 1,613,350 na jumla ya milioni 193.6. Kama mshahara hauruhusu kujifunga kwa kiwango hicho, chukua miaka 20 lakini uwe ukiongeza shilingi 200,000 kila mwezi. Deni litakwisha kwa miaka 11 na miezi 8 hivi, na mtakuwa mmeokoa takriban milioni 104.

Ushauri huo una sharti lake. Fedha ya ziada lazima ipunguze salio. Zipo benki ambazo mfumo wao huipokea kama rejesho la mwezi ujao lililowahi kufika, na ikakaa kwenye akaunti pasipo kuzuia riba hata senti moja. Andika barua ya maelekezo, pata nakala iliyogongwa muhuri, na miezi miwili baadaye omba taarifa ya mkopo uone kama salio limeshuka kwa kiasi ulichotarajia. Soma pia kifungu cha kulipa kabla ya muda, maana baadhi ya mikataba hutoza asilimia fulani ya kiasi kinachowahishwa.

Kifungu kingine cha kukisoma mara mbili ni cha mabadiliko ya riba, ambacho aghalabu huipa benki haki ya kuipandisha kwa kukupa notisi tu. Riba ikipanda kutoka asilimia 15 hadi 17 mkiwa bado mwanzoni, rejesho litafika takriban shilingi 1,467,000, na jumla ya malipo itaongezeka kwa milioni 36. Mkikubaliana na benki rejesho libaki lilelile, hali itakuwa mbaya zaidi, kwa sababu riba ya mwezi itakuwa shilingi 1,416,667 na rejesho lenu halitaifikia. Deni litakua huku mkilipa kila mwezi bila kukosa.

Wasomaji huniuliza mara kwa mara kwa nini riba ya nyumba ni kubwa hivi hapa kwetu. Tangu Benki ya Nyumba Tanzania ilipofungwa mwaka 1995, mkopo wa muda mrefu ulikuwa nadra hadi ilipotungwa sheria ya mikopo ya nyumba ya mwaka 2008 na kuanzishwa TMRC mwaka 2010, kampuni inayozikopesha benki fedha za muda mrefu kwa kazi hiyo. Amana nyingi katika benki ni za watu wanaoweza kuzichukua wakati wowote, na kuzikopesha kwa miaka 20 ni hatari inayolipiwa. Isitoshe, hatifungani ya Serikali ya miaka 20, yaani hati ya kuikopesha Serikali, imewahi kutoa riba ya asilimia 15.49, na benki inayoweza kupata kiwango hicho bila kumfuatilia mdaiwa yeyote haina haraka ya kumpunguzia mnunuzi wa nyumba.

Gharama nyingine nitazitaja kwa ufupi: ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, usajili wa rehani, bima ya maisha ya mkopaji na bima ya moto. Bima ndizo husahaulika, kwa kuwa hulipwa kila mwaka. Zikiwa shilingi 500,000 kwa mwaka, ni milioni 10 kwa miaka 20. Kodi ya jengo, inayokatwa mnaponunua umeme wa LUKU tangu mwaka 2021, haitawaumiza sana. Paa na mabomba ndiyo yatakayowaumiza, na sasa hakuna mwenye nyumba wa kumpigia simu.

Ama kuhusu kauli ya mumeo, nampinga kwa heshima. Mwaka wa kwanza mtalipa pango shilingi milioni 7.2 mkibaki mlipo, na mkinunua mtalipa riba ya milioni 14.9. Kama pango ni fedha ya kutupa, riba nayo tuiiteje? Ni kweli kwamba pango hupanda, kwamba wenye nyumba wengi Dar es Salaam hudai kodi ya miezi sita au mwaka mzima kwa mkupuo, na kwamba shilingi mtakayolipa mwaka wa ishirini itakuwa na thamani ndogo kuliko ya leo. Lakini mfumuko wa bei nchini umekuwa chini ya asilimia 5 kwa miaka kadhaa, na riba ya asilimia 15 inauacha mbali sana. Kama mna uhakika wa kukaa hapo zaidi ya miaka 10 na mnaweza kuongeza zile 200,000, nunueni. Kama hamna uhakika, endeleeni kupanga na mkuze akiba, kwa maana kila milioni 10 mtakayoongeza kwenye malipo ya awali itashusha rejesho kwa shilingi 131,679 na jumla kwa milioni 31.6.

Kwa kuwa nyumba itakuwa makazi ya familia, Sheria ya Ardhi inataka ridhaa ya mwenza kabla ya kuiweka rehani. Mumeo asitie saini kabla hajaonyeshwa jedwali la marejesho ya miezi yote 240.

SWALI: Benki imenipa riba ya asilimia 15, ila kuna taasisi nyingine hapa Mwanza inayotoa asilimia 10 kwa mkopo huohuo wa milioni 100 wa nyumba. Kuna haja ya kufikiri zaidi?
Msomaji, Mwanza

JIBU: Ipo. Uliza kama hiyo asilimia 10 inatozwa kwenye salio linalopungua au kwenye mkopo wa awali muda wote, riba ambayo maofisa mikopo huiita ya fleti. Kwa fleti utatozwa milioni 10 kila mwaka hata mwaka wa mwisho unapodaiwa kidogo, na kwa miaka 20 jumla itafika milioni 300, ambayo ni sawa na riba ya takriban asilimia 14 kwenye salio linalopungua. Bado ni nafuu kidogo kuliko benki, lakini si kwa kiasi ulichodhani. Katika mkopo wa miaka 5 fleti ya asilimia 10 huwa sawa na zaidi ya asilimia 17.

SWALI: Nilikopa KSh milioni 6 mwaka wa 2017 kununua nyumba Kisauni, kwa riba ya asilimia 13 na muda wa miaka 20. Nimelipa KSh 70,295 kila mwezi kwa miaka 8, yaani zaidi ya milioni 6.7, na benki bado inadai milioni 5.1. Rafiki yangu anasema sheria ya Kenya hairuhusu riba kuzidi mkopo, hivyo niache kulipa. Ni kweli?
M.S., Mombasa

JIBU: Usiache kulipa hata mwezi mmoja kwa sababu hiyo. Rafiki yako amesikia habari za kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki, kilichoanza kutumika mwaka wa 2007, lakini amekielewa nusu. Kifungu hicho humlinda mtu ambaye mkopo wake umekuwa mbovu, kwa kawaida baada ya siku 90 bila malipo. Tangu siku hiyo, benki haiwezi kudai zaidi ya salio la mkopo lililokuwapo, riba isiyozidi salio hilo, na gharama za kufuatilia deni. Mkopo unaolipwa vizuri haumo, na riba uliyokwisha kulipa miaka iliyopita haihesabiwi katika kikomo hicho. Kwa hiyo ukiacha kulipa leo, deni lako la milioni 5.1 linaweza kupanda hadi milioni 10.2 kwa halali kabisa, na gharama za dalali na mawakili juu yake, hata kabla nyumba haijapigwa mnada.

Hesabu ya benki haina kasoro. Katika milioni 6.7 ulizolipa, takriban milioni 5.9 zilikuwa riba. Unachoweza kufanya ni kuangalia kama umekuwa ukidai nafuu ya kodi kwa riba ya nyumba unayoishi mwenyewe. Kiwango chake kilipandishwa mwishoni mwa Desemba 2024 kutoka KSh 300,000 hadi KSh 360,000 kwa mwaka, na aliye kwenye daraja la kodi la asilimia 30 huweza kuokoa hadi KSh 108,000 kila mwaka. Peleka nafuu hiyo yote kwenye salio. Pili, ulizia benki nyingine kama zinaweza kuuhamisha mkopo kwa riba ndogo, ila ujumlishe ada za wakili, uthamini na usajili mpya kabla ya kushangilia tofauti ya asilimia moja.

SWALI: Assalaam aleikum. Nataka kununua nyumba kwa murabaha ili niepukane na riba. Je, huku nako kuna gharama iliyofichika kwa miaka mingi ijayo?
Msomaji, Mwanakwerekwe, Zanzibar

JIBU: Waaleikum salaam. Katika murabaha gharama haijifichi, kwa kuwa benki hununua nyumba na kukuuzia kwa bei inayotaja faida yake tangu siku ya kwanza, na bei hiyo haiwezi kupandishwa baada ya mauziano. Katika nchi ambazo riba za mikopo hubadilishwa kwa notisi, hiyo ni faida kubwa ambayo hata wasio Waislamu wangefaa kuitazama. Ulinganishe tu jumla ya bei na jumla ya marejesho ya benki za kawaida, kwa sababu faida inayopangwa kwa miaka 20 inaweza kukaribia riba ya miaka hiyohiyo.

Tahadhari yangu iko kwenye kumaliza mapema. Bei ikishakubaliwa yote ni deni lako, na kupunguziwa ukilipa kabla ya muda kwa kawaida ni hisani ya benki, isiwe haki yako ya kimkataba. Waombe wakuandikie desturi yao ya punguzo hilo ilivyo, kwa mfano wa mteja anayemaliza mwaka wa nane. Na kama wanachokupa ni ushirika unaopungua, ambao unalipa kodi kwa sehemu ya nyumba ambayo bado ni ya benki, uliza kodi hiyo hupitiwa upya kila baada ya muda gani, na kwa kipimo kipi.