Mama Kihamba Anajibu: Mama anataka kuuona mlima na maporomoko, tuna Jumamosi moja tu

SWALI: Shikamoo Mama Kihamba. Nakaa Sakina hapa Arusha, nimeolewa na Mchagga wa Marangu lakini kakulia mjini, hata njia za kwao anaulizia. Mama yangu mzazi anakuja kutoka Mwanza, ana miaka 63, magoti yanamsumbua kidogo ila anatembea, na kaniomba kitu kimoja tu, akauone Mlima Kilimanjaro kwa karibu pamoja na yale maporomoko anayoyaona kwenye simu za watu. Tuna Jumamosi moja. Jirani ananiambia nitafute kampuni, shemeji anasema hamna haja ya kumlipa mtu, washa ramani kwenye simu mtafika. Halafu mama kasikia ule mlima ni wa matambiko, anauliza sisi watu wa kanisani si tutakuwa tunaingilia mambo ya watu? Nisaidie mama.
Binti wa Sakina

JIBU: Marahaba mwanangu. Nianze na swali la mama maana ndo lenye uzito, hayo ya gari na njia yanapangika.

Mama yako kauliza jambo ambalo wengi wanaupanda mlima na kushuka hawajaliuliza. Wachagga wa zamani walimwita Mungu Ruwa, na neno hilohilo ndo jua. Mtu akiomba alielekea Kibo, kile kilele kirefu cha Kilimanjaro chenye theluji, na marehemu alilazwa kaburini uso ukitazama Kibo, upande wa juu ndo ulikuwa upande wa heshima. Bibi yangu alikuwa Mlutheri wa kubatizwa, hakosi ibada, lakini kila asubuhi akitoka nje kabla hajawasha moto anatazama juu kama Kibo imefunguka, akiiona nyeupe anasema "aika", yaani asante, ndo anaingia jikoni. Hakuwa anauabudu mlima, alikuwa anamshukuru aliyeuweka pale. Na matambiko yenyewe mara nyingi hufanyika nyumbani, ndani ya kihamba cha ukoo, yaani shamba la migomba na kahawa linalozunguka nyumba, walipolala wazee, siyo pale kwenye maji wanapopita wageni. Kwaiyo mwambie aje, haingilii cha mtu, aje tu na adabu hiyohiyo aliyouliza nayo.

Sasa kuhusu mwongozaji, hapo na mimi shemeji yako namkatalia kabisa, na nitakueleza kwa nini kwa kitu kilichonipata mwenyewe.

Miaka ya nyuma nilienda kwenye maporomoko fulani upande wa juu wa Moshi na kundi la watu kumi na moja, tulilipia kampuni ya mjini ikatupa kijana wa kutuongoza ambaye kumbe kijiji chenyewe hakijui. Akatupitisha njia ya mkato katikati ya migomba ya watu. Tukafika mahali pana mfereji mwembamba, upana kama wa karai, maji yanakimbia kimyakimya. Wa kwanza akakanyaga ukingo, wa pili akakanyaga palepale, mpaka tunamalizika kuvuka ukingo ushabomoka na maji yote yanamwagikia kwenye kahawa ya mtu. Akatoka bibi mmoja na jembe mkononi. Hakupiga kelele. Aliuliza tu, "mnajua haya maji ni zamu ya nani leo?" Hakuna aliyejua. Ule ulikuwa mfongo, mfereji wa asili, mababu waliuchimba kutoa maji kwenye mito ya juu huko msituni na kuyashusha mpaka vihambani, na mpaka leo kila mfongo una wenyewe, una siku za kuusafisha na una zamu, nyumba hii asubuhi nyumba ile jioni. Nyumba za chini siku ile zilikuwa zinasubiri maji, na sisi ndo tumeyakata.

Tukaanza kuziba. Yule bibi alituonyesha, unakata gogo la mgomba unalilaza kwenye ukingo, unajaza udongo wenye majani, unakanyagia kwa kisigino mpaka maji yaache kuvuja. Ilituchukua karibu saa nzima. Tulipomaliza kijana mmoja jirani akachuma jani la sale, lile refu lililochongoka ambalo utaliona kwenye kila mpaka wa shamba na kwenye makaburi, akalifunga fundo akanipa, akaninong'oneza nimpe bibi. Nikapiga magoti nikampa. Akalipokea, akasema imekwisha, nendeni mkaangalie maji yenu. Kwa Mchagga ukiletewa sale ya kuombwa radhi hukatai, hata kama uliumizwa vipi, ndivyo ilivyokuwa tangu mababu. Mimi ni mtoto wa mlimani na siku ile nilijifunza kwamba kuzaliwa Uchaggani hakunipi ruhusa ya kupita kwenye kihamba cha mwenzangu.

Ndo maana nasema chukua mwenyeji wa kijiji kilekile mnachoenda, hata kama umelipia kampuni waulize kabisa kabla ya kutoa hela, huyo atakayetutembeza anatoka kijiji gani? Ramani ya simu itakuonyesha njia, haitakwambia zamu ya maji ni ya nani. Pia mkifika mnalipa kiingilio kwa kijiji, dai risiti, na bei ya mwongozaji mkubaliane kabla hamjaanza kutembea, siyo mkishafika kwenye maji.

Wapi sasa? Wengi watakwambia Materuni, na kweli ni pazuri sana, maporomoko yake yanakaribia mita 80, ukisimama chini ule mvuke unakulowesha kabla hujayagusa, na njiani wanakufundisha kahawa kuanzia kuitwanga kwenye kinu huku watu wanaimba mpaka kuikaanga kwenye chungu juu ya mafiga. Ila ni mwendo wa dakika 45 mpaka saa nzima kwenda, na kurudi kuna vilima, na mvua ikinyesha udongo wetu mwekundu unateleza kama sabuni. Kwa magoti ya mama mimi nisingempeleka huko.

Mpeleke Marangu. Maporomoko ya Kinukamori hayako mbali na Marangu Mtoni, gari linasogea karibu, mnashuka ngazi taratibu huku kashika fimbo, anayaona maji. Na kuna sababu nyingine mwanangu ambayo kwenye barua yako sijaiona, nayo ni kubwa. Mume wako ni wa Marangu! Mama yako ni mkwe pale. Hawezi kupita Marangu akaangalia maji akageuza gari akarudi Arusha bila kufika kwa wakwe zake, hiyo wakija kusikia, na watasikia, wewe ndo utakayeulizwa. Mpigie mama mkwe wako wiki hii mwambie mama anakuja. Hapo hutahangaika hata na mwongozaji, watakutolea kijana wa ukoo anayejua kila mfongo, na mkirudi kutoka kwenye maji mtakuta mtori upo mezani. Mama abebe kitu cha mkononi kutoka Mwanza, sato mkavu atapokelewa kwa furaha kubwa.

Muondoke Arusha saa kumi na moja alfajiri. Mpaka Moshi ni kama kilomita 80, halafu mnaenda mpaka Himo ndo mnapanda. Nasema alfajiri kwa sababu Kibo inajifunika, asubuhi mapema inakuwa wazi halafu jua likipanda mawingu nayo yanapanda, ukifika saa tano unaweza kuambiwa mlima uko pale na usione kitu. Kama mnaweza kuchagua mwezi, kwepeni Machi mpaka Mei maana ni masika. Mama avae raba zenye meno, siyo kandambili, na sweta hata kama Arusha kuna jua. Na akiiona Kibo imefunguka mwache asimame pale muda anaotaka, msimharakishe.

SWALI: Mambo Mama K, shikamoo. Mimi na washkaji zangu wanne wa Njiro tunataka kupanda Kilimanjaro mpaka kambi ya Mandara na kurudi sikuhiyohiyo. Je tunaweza kwenda wenyewe, maana sisi ni Watanzania siyo watalii?
Kijana wa Njiro

JIBU: Marahaba. Hapana, hamuwezi. Mkishavuka geti la Marangu mko ndani ya Hifadhi ya Taifa, na humo ukiwa Mtanzania usiwe Mtanzania unaingia na kibali na mwongozaji mwenye leseni. Kinachobadilika ni bei, kwenu ni ya shilingi na iko chini sana kuliko ya mgeni, kwaiyo kila mmoja abebe kitambulisho cha NIDA, asije mmoja wenu akaachwa getini. Malipo hayapokelewi kwa noti mkononi, jipangeni na simu au kadi.

Mandara iko mita 2,720 na kutoka getini ni kama kilomita 8, mtatembea saa tatu hivi kupanda mkienda polepole, na mwende polepole kweli. Mkiwa na nguvu ombeni mwongozaji awasogeze mpaka kreta ya Maundi, ni robo saa tu kutoka Mandara, na hewa ikiwa safi mnaiona Kibo na kilele mwenzake Mawenzi zimesimama pamoja. Hapo mwambieni awasimulie kwa nini Mawenzi imechongoka vile. Mimi nilisimuliwa na bibi kwamba Mawenzi alikuwa mvivu, moto wake unazimika kila siku anaenda kuomba kaa kwa ndugu yake Kibo, mpaka siku moja Kibo akachoka akampiga, ndo kabaki na mapengo mpaka leo. Msituni tazameni juu kwenye miti, mbega wako wengi, ile mikia myeupe inaning'inia kama mashuka. Msiwarushie chakula.

SWALI: Habari za kazi Mama Kihamba. Nafundisha shule ya msingi hapa Moshi, tunataka kuwapeleka darasa la sita Kinukamori. Nina mawili, ile hadithi ya yule binti niwasimulie au ni nzito kwao? Na je, waruhusiwe kuingia kwenye maji?
Mwalimu wa Majengo

JIBU: Nzuri mwalimu. Hadithi wasimulie, sanamu ya binti na chui iko palepale watauliza tu. Kwa wasomaji wasioijua, inasemwa binti aitwaye Makinuka alipata ujauzito kabla ya kuolewa, na enzi hizo adhabu ilikuwa kifo, akaenda kwenye maporomoko ajitupe. Alipofika ukingoni akabadili nia, akageuka arudi nyumbani, akakutana uso kwa uso na chui, akashtuka akarudi nyuma, akaanguka. Wewe ukifika pale alipogeuka simama kidogo. Waambie alikuwa anarudi nyumbani. Kuna watoto kwenye darasa lako wana mambo mazito wasiyomwambia mtu, na hapo ndo pa kuwaambia kwamba kwako kuna mlango.

Kuingia kwenye maji, hapana, na hapa sibembelezi. Maji yetu hayaangalii hali ya hewa ya pale ulipo. Chini kunaweza kuwa na jua kali watoto wanacheka, kumbe huko juu msituni mvua imeshuka nusu saa iliyopita na yale maji yako njiani yanakuja. Dalili zake ni hizi, maji yaliyokuwa meupe yanaanza kuwa na rangi ya chai ya maziwa, majani na vijiti vinaanza kupita vingi, na ule mlio unabadilika unakuwa mzito. Ukiona hata moja usisubiri kuhakikisha, wapandishe watoto wote juu kwenye ngazi. Weka mwalimu mmoja ambaye kazi yake siku nzima ni kuangalia maji tu, asipige picha, asigawe soda. Na kwenye barua ya ruhusa waandikie wazazi kabisa kwamba hakuna kuogelea, halafu beba nguo za akiba seti mbili tatu, mawe ya pale yana utelezi na lazima kuna mmoja atalowa.