Maswali na Majibu ya Jikoni: Samaki na Mboga kwa Mtindo wa Kijapani

Wasomaji kadhaa wa Lamu wameuliza kuhusu upishi wa samaki na mboga zinazokaangwa upesi kwa moto mkali, ambao Wajapani huuita itamemono. Mbinu yenyewe ina asili ya Kichina, ila viungo vinavyotiwa ndivyo vinavyoipa ladha ya Kijapani.

Swali (Langoni): Nikikaanga samaki na mboga pamoja, samaki hupondeka na karai hujaa maji. Nakosea wapi?

Kosa limo katika neno hilo "pamoja". Kila mboga ina maji yake, na karai likijazwa mno joto hushuka, maji yale hayawahi kugeuka mvuke, na mboga huishia kuchemka badala ya kukaangika. Chukua mnofu wa nguru au jodari, maana changu mwenye miba haufai upishi huu, uukate vipande vya unene wa vidole viwili, uvikaushe kwa kitambaa safi, kisha uvipakaze wanga wa mahindi kidogo. Viweke katika mafuta yaliyopata moto sawasawa na usiviguse mpaka upande wa chini uwe na rangi ya dhahabu. Vigeuze mara moja tu, uvitoe, uviweke kando. Hapo ndipo zinapoingia mboga kwa zamu: karoti kwanza, kwa kuwa ni ngumu, kisha pilipili hoho, na kabichi mwisho. Sikiliza karai: mafuta yakilia kwa sauti kali, endelea, lakini sauti ikizama na kuanza kutokota, umejaza kupita kiasi. Tia sosi ya soya, rudisha samaki, na ulitikise karai badala ya kukoroga kwa mwiko. Mwenye jiko la makaa asisite kupepea, kwani moto wa kubembeleza hauna kazi hapa.

Swali (Shela): Maelezo niliyoyapata yanataka mirin na uto wa ufuta. Je, mirin ni halali?

Mirin halisi ni kileo cha mchele chenye takriban asilimia 14 ya alkoholi, kwa hiyo iache. Kazi yake ni kutia utamu na mng'ao, na kijiko kimoja cha asali kilichochanganywa na maji ya ndimu kinatosha kuifanya. Sosi ya soya iliyochachushwa nayo huwa na alkoholi kidogo inayojizalisha yenyewe. Hukumu yake muulize mwanachuoni, kwa kuwa mimi ni mpishi tu. Uto wa ufuta wanaoutumia Wajapani kwa harufu hukamuliwa kutokana na ufuta uliokaangwa, na hutiwa matone machache baada ya karai kuepuliwa. Ikiwa uto ulio nao ni wa ufuta mbichi, kaanga mbegu chache kwenye chuma kikavu na uzinyunyize juu.

Swali (Mkomani): Jioni jodari huuzwa rahisi kwa kuwa amekaa nje tangu asubuhi. Nikimkaanga sana, si atafaa?

La, hafai. Jodari na jamaa zake wakikaa katika joto, bakteria huzalisha histamini ndani ya nyama yao, na sumu hiyo haiondoki kwa moto wowote wa jikoni. Mlaji huweza kuhisi ladha ya ukali kama pilipili ulimini, kisha uso ukamwiva, mwili ukamwasha na kichwa kikamgonga, mara nyingi kabla ya saa moja kupita. Wakati wa kusi, bahari inapochafuka na samaki wakaadimika, kishawishi cha kununua wa namna hiyo huwa kikubwa zaidi. Nunua aliyewekwa kwenye barafu, hata kama ni kipande kidogo.

Swali (Matondoni): Nina presha. Je, niiache sosi ya soya?

Ipunguze sana, na umsikilize daktari wako. Kijiko kimoja cha mezani kina zaidi ya gramu 2 za chumvi, ilhali Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asifikishe gramu 5 kwa siku. Tumia kijiko kimoja kwa sufuria ya watu wanne, bila chumvi nyingine, na uongeze tangawizi, kitunguu thomu na ndimu.

Swali (Langoni): Upishi huu unaliwa na wali wa nazi?

Tui huifunika sosi, kwa hiyo ningepika wali mweupe. Mkate wa mofa nimeujaribu, nao ulifyonza sosi yote kabla samaki hajafika mdomoni.